Dimbwi la Mtaa wa Soko

Katika ushoroba wa jumba la mji, hapa Vilkupe,
kuna misumari tisa na picha nane.
Kila Jumatano nazifuta vumbi, kama mama kabla yangu,
madiwani wakiwa bado hawajaingia na viatu vyao vya matope.

Naanza na Bernhard Zeidlitz. Ndevu kama ufagio.
Kumbukumbu za kikao chake, kwa Kijerumani, zasema:
mbele ya duka la mkate, Mtaa wa Soko, pana dimbwi;
litafukiwa kabla ya theluji.
Theluji ya mwaka gani, hakuandika.

Wa pili aliletwa na mfalme wa Urusi, kwa treni:
Arkadi Snetkov, kifua kizima medali.
Alilitazama dimbwi, akaagiza jukwaa la bendi.
Tarumbeta zikalia, watu wakacheza,
wakarudi majumbani na soksi zilizolowa.

Augusts Krastkalns, mshona matandiko ya farasi,
ndiye wa kwanza tuliyemchagua wenyewe,
kwa kura kumi na moja; wajukuu wa walioshindwa
bado wanazihesabu upya kwa kinyozi.
Wa kwanza pia kuandika kwa lugha yetu:
amekosea, amekata, ameandika tena,
hata karatasi imetoboka penye neno "wananchi".
Akalaza ubao juu ya dimbwi. Ubao ukaoza,
lakini miaka sita tulipita na soksi kavu.

Msumari wa nne hauna picha.
Nao naufuta.
Ndiye aliyetia saini, mwaka ule wa vita,
orodha ya nyumba ishirini na mbili za Mtaa wa Ngozi.
Ya saba: Hirš Beilin, mwoka mikate, mke, watoto watano.
Nimeiona saini yenyewe. Nzuri, yenye mkia,
ya mtu aliyefundishwa hati na mama aliyempenda.
Kesho yake kikao kilijadili bei ya kuni.
Dimbwi halikutajwa. Dukani hapakuwa na mtu wa kulalamika.

Kisha wenyeviti, wanne, sura moja na tai moja;
"meya" lilikuwa neno la mabepari.
Wa mwisho wao, Nikolajs Dreģeris, aliripoti kwa wakubwa
kwamba dimbwi limefukiwa kwa asilimia mia na nne.
Bata hawakuisoma ripoti.

Milda Ozere alinifundisha kemia.
Siku alipoapishwa, mkwe wa Krastkalns, kikongwe,
alifunua pipa la kabichi chachu, akatoa mkufu wa meya
uliokaa humo miaka hamsini.
Shingo ya mwalimu ilinuka siki hadi Pasaka.
Hazina haikuwa na pesa hata ya balbu.
Akaja Jumamosi na sururu yake mwenyewe,
tukachimba naye, watu tisa na mbwa mmoja,
mpaka maji yakatufika magotini, baridi, safi.
"Jamani," akasema, "hili si dimbwi. Ni chemchemi."
Baraza likabishana miaka miwili juu ya jina,
kisha likamnyima kura.

Maji yakimwagika hayazoleki, husemwa.
Sisi tumeyazoa zaidi ya karne nzima,
kwa ndoo, kwa ahadi, kwa mihuri ya lugha tatu.

Meya wa sasa, Rihards Sprukts, bado hana msumari.
Leo ni kikao chake cha mwisho, na chetu.
Mji ni mdogo mno, wameamua walioamua:
watu elfu tatu na mia moja, makaburi yasipohesabiwa.
Ofisi inahamia kilomita arobaini kutoka hapa,
kwenye jengo la vioo lenye lifti.
Ameniuliza, kwa sauti ya chini, picha tuzipeleke wapi.
Nami nikamuuliza msumari wa nne ataung'oa nani.
Akainama, akatazama viatu vyake.
Vilikuwa vimelowa.